Mizani ya Kaloli ya Saba

Mzee Rajab alikuwa mtu wa hasira za karibu. Hazikukaa sana, lakini zilifika upesi, na Alhamisi ile zilimfika kabla hata ya chai. Alisimama kwenye kiwanja cha Mbuya, mikono kiunoni, akaitazama meli ya angani, Kaloli ya Saba, ikivuta pumzi ya kilima, akaona mtu amefunga kamba ya mguu wa kushoto kwa fundo la kufungia mbuzi.

"Nani amefunga hii?" aliuliza.

Hakuna aliyejibu, kwa sababu aliyefunga alikuwa yeye mwenyewe, jana jioni, na wote pale kiwanjani walimwona. Akalifungua fundo akaguna, akalifunga upya.

Walimsamehe. Siku ile hata malaika angefunga fundo vibaya.

Meli za angani za aina ya Kaloli zilikuwa tisa. Aliyezichora, Mungu amrehemu, aliwatazama kaloli, wale ndege warefu wenye upara na mfuko shingoni, wanaoshinda juu ya majalala ya Kampala kama wazee waliokosa baraza, akasema hivi ndivyo zitakavyokuwa. Akazipa miguu miwili ya chuma ya kusimamia, mabawa mapana, na chini ya kidevu mfuko wa hewa ya akiba ulioning'inia hovyo. Ngozi yake ikawa ya gome la mti wa mtuba lililopondwa hadi likalainika. Watu wa mjini walizicheka siku ya kwanza, na kwa miaka thelathini na miwili hawakuacha kuzicheka, huku wakizipanda kila asubuhi kwenda kazini. Ndivyo tulivyo. Kinachotubeba ndicho tunachokisema.

Nane zilikwisha kukatwakatwa. Siku hizi kuna Mbayuwayu, meli nyeupe, nyembamba, zisizopiga kelele, na ndani zina baridi ya mashine hata abiria hushuka na mafua. Ilibaki Saba peke yake, na yenyewe ilibaki kwa sababu nahodha wake, binti mmoja wa familia ya polisi kutoka kaskazini aitwaye Abwola, aliandika barua kumi na moja kwa wakubwa. Barua ya kumi na moja ilijibiwa. Saba ipimwe Alhamisi. Ikibeba watu sitini kutoka Mbuya, ikapita juu ya Bukoto, ikazunguka Kasubi na kurudi ndani ya saa moja, itapewa cheti cha miaka mitano. Ikishindwa, Jumatatu misumeno.

Rajab alikuwa fundi wa ngozi wa Saba tangu siku ilipotoka karakana. Kazi yake ilikuwa kuziba palipochanika, na kwa meli ya gome panachanika kila siku. Haikuwahi kuruka bila yeye, hata mara moja. Alikaa nyuma, kwenye kigoda chake, miguuni pana sanduku la sindano ndefu, nyuzi za ukindu, nta na viraka, masikio yamesimama. Mshono ukianza kulalamika angani yeye huusikia kabla ya nahodha. Mshono wake ulijulikana kiwanja kizima. Ulikuwa unazunguka, kila tundu likiuma tundu la jirani, na haukuwahi kufumuka. Vitabu vya karakana viliuandika "mshono wa Rajab." Kwenye jambo hilo, tumtunzie siri kidogo kwanza.

Jumapili iliyotangulia, nyumbani Bukoto, alikuwa amemwambia mkewe, Maimunah, "Nitafutie wanawake sitini. Wanaume wako kazini. Waje mapema, waje wepesi, waje mikono mitupu. Umesikia? Mitupu."

"Sawa," alisema Maimunah.

"Sawa" ya Maimunah ilikuwa na maana nyingi, na katika miaka thelathini na moja ya ndoa Rajab alikuwa amejifunza kama nusu yake.

Sasa saa mbili asubuhi ilikuwa imepita. Vilima vya Kampala hupumua. Aliyezaliwa hapa hahitaji kuelezwa, ila kwa mgeni niseme tu kwamba kuanzia alfajiri hewa nyepesi yenye uvuguvugu hutoka kwenye nyufa za vilele, na ikifika saa tatu kilima hufunga mdomo hadi kesho, na bila pumzi hiyo hakuna Kaloli inayopaa. Saba ilikuwa imeshiba, imetuna, miguu yake miwili imesimama juu ya mizani kubwa ya kiwanja. Mshale wa mizani hiyo ukiwa kushoto kwa mstari mwekundu, meli inaruhusiwa kupaa. Ukiwa kulia, haiendi popote.

Mkaguzi alikuwa Afande Erinayo, polisi mstaafu mwenye suruali iliyopigwa pasi hadi inakata. Alikuwa na filimbi, kitabu, na orodha ya majina sitini iliyokwisha kugongwa muhuri.

"Watu wako iko wapi?" aliuliza.

"Wanakuja, Afande."

Wakaja. Kwanza ikasikika ngurumo ya bodaboda kutoka bondeni, nyingi, kisha zikatokeza juu ya kilima moja baada ya nyingine, na juu ya kila moja mwanamke amekaa upande, amejifunga gurbaba, shuka ya Kinubi, ya rangi kali, na kichwani au mapajani amebeba sinia. Na juu ya kila sinia tabaga, kile kifuniko cha kusukwa cha Wanubi, duara jekundu, la kijani, la zambarau, la manjano. Kilima kizima kilichanua. Harufu ya pilau ilifika kabla ya salamu.

Rajab alishika kichwa.

Lakini alaumiwe nani? Yeye mwenyewe ni Mnubi, mjukuu wa askari waliotoka Sudani na bunduki za Mwingereza, na alijua kama anavyolijua jina lake kwamba watu wake hawaendi kwenye jambo la mwenzao wakipunga mikono. Arusi, tanga, mtoto kutoka jando, hata kesi mahakamani, unakwenda na sinia. Usiku kucha alikuwa amepiga hesabu ya uzito wa gome, wa injini, wa maji, wa watu. Alikokotoa kila kitu isipokuwa watu wake.

"Mama Shamirah!" alifoka. "Mimi nilisema nini?"

Maimunah aliteremka kwenye bodaboda taratibu, akaiweka sawa gurbaba yake. "Ulisema mikono mitupu."

"Na hii ni nini?"

"Hii iko kwa kichwa."

Wanawake wakaangua kicheko. Abwola, kule juu mlangoni mwa chumba cha nahodha, aligeuka upande wa pili ili fundi wake asimwone meno.

Walipanda wote sitini, wakajibana kwenye mabenchi na sinia zao, na Saba ikaketi juu ya miguu yake kwa mlio wa huzuni. Mshale ukaenda kulia, ukapita mstari, ukaendelea.

"Kilo mia nne na tisini zimezidi," alisoma Afande Erinayo. Hakuonekana kufurahi wala kusikitika. "Hapana. Haiendi."

"Tukule sasa hivi!" alisema Filda, jirani yao wa Bukoto, mke wa askari kutoka Gulu, Mkristo aliyejua kupika kisra, ule mkate mwembamba, kuliko hata baadhi ya Wanubi. "Haraka haraka. Tukimaliza, sinia inabaki nyepesi."

Wengine walikwisha kuanza kufunua. Afande akapuliza filimbi.

"Mama! Mizani haiulizi kama chakula iko kwa sahani ama iko kwa tumbo!"

Filda alifikiri kidogo, akaona ni kweli, akarudisha sambusa mahali pake kwa masikitiko.

Rajab alitazama jua. Saa tatu kasorobo. Pumzi ya kilima ikikatika, Saba haitakuwa na kesho. Aliikumbuka ile Kaloli ya Nane ilivyolazwa chini ubavu, watu wakaipanda na misumeno, na gome lake likawaka vizuri sana chini ya sufuria za watu.

"Teremsheni," alisema. "Teremsheni hiyo chakula. Bambi, nawaomba."

Maimunah alikaza tabaga yake. "Chakula ya wageni unamwaga chini?"

Ndipo Abwola akateremka ngazi. Alikuwa mdogo wa umri lakini mkubwa wa kuona. Akachuchumaa mbele ya Maimunah kama mke mpya mbele ya mama mkwe. "Mama, hii chakula ulipikia nani?"

"Nyinyi. Wageni. Watu wenye watakuja kuona kazi ya mzee wangu."

"Sasa angalia pale chini."

Maimunah alichungulia. Pale chini walisimama waendesha bodaboda sitini waliopandisha kilima bila kunywa kitu. Walisimama wake wa askari wa kambi ya jirani na watoto wao migongoni. Walisimama mafundi wa kiwanja, na hata marubani wanne wa Mbayuwayu, mashati meupe, waliokuja kutazama mzee akiaibika na sasa wananusa tu.

Uso wa Maimunah ulifunguka. "Kumbe wageni wamefika!" alisema, akapiga kigelegele. Sinia zikaanza kuteremka, mkono kwa mkono, ngazi nzima. Pilau, kisra, mchuzi wa bamia, sambusa, mandazi. Bodaboda zikageuzwa meza. Rubani mmoja wa Mbayuwayu alipewa paja la kuku kabla hajafungua mdomo, na alipoufungua ulikuwa wa kulia tu.

Mshale ukarudi kushoto, ukarudi, ukarudi, ukakaribia mstari mwekundu. Ukasimama kulia kwake.

"Kilo themanini," alisema Afande.

Chakula kimetoka chote, maji ya akiba yamemwagwa, hata mikeka imeteremshwa. Orodha ya sitini imegongwa muhuri, hakuna wa kupunguzwa. Nahodha ni lazima, na mtu wa injini ni lazima. Rajab aliyapitisha macho yake kwenye meli nzima, benchi kwa benchi, akitafuta kitu cha kutupa. Alikuwa ameketi kigodani, sanduku katikati ya miguu. Akatafuta tena. Na polepole, kama mtu anayetafuta miwani huku ameivaa, akaelewa.

Yeye alikuwa kilo sitini na sita. Sanduku lilikuwa kumi na nane.

Wanawake walikwisha kuelewa zamani. Walikuwa wakitazama dari kwa adabu.

"Afande," alisema, "mimi na sanduku tukishuka?"

Afande alifungua kitabu. "Inatosha. Lakini sheria inasema meli ya gome hairuki bila fundi wa ngozi. Fundi akishuka, nani atashona ikichanika huko juu? Uko na fundi mwingine mwenye anajua mshono wa Rajab?"

Hapa ndipo ile siri inapotoka, na kusema kweli ilikuwa imekaa sana.

Mwaka wa kwanza wa kazi yake, mshono wa karakana ulikuwa ukifumuka kila wiki. Rajab, kijana aliyekuwa ndiyo kwanza ameoa, alileta kiraka nyumbani akakiparamia hadi jasho likamtoka. Maimunah alimtazama, akacheka hadi akakaa chini. "Hata kikapu cha mtoto hakishonwi hivi," alisema. Akachukua sindano, akamwonyesha mshono wa tabaga, ule wa kuzunguka, tundu kuuma tundu, aliofundishwa na mama yake ambaye naye alifundishwa na mama yake. Rajab akaenda nao kazini. Mkubwa wa karakana akauliza, mshono gani huu? Rajab akafungua mdomo, na kilichotoka ni, "Wangu." Ni neno moja tu. Alikusudia kulirekebisha kesho yake. Kesho hiyo haikuwahi kufika, na neno lilikwisha kuandikwa kitabuni. Maimunah alilisikia, bila shaka alilisikia, maana hapakuwa na jambo la Kampala ambalo halikupita uani kwake. Alisema tu, "Sawa."

Saa tatu kasoro dakika saba.

"Afande," alisema Rajab, akasimama. "Huo mshono si wangu."

Afande aliinua kichwa. "Unasema?"

"Nasema si wangu. Miaka yote hii mnauita mshono wa Rajab, na mimi nimenyamaza nikala sifa. Ni mshono wa tabaga. Ni wa huyu mama hapa. Yeye alinifundisha, na mpaka leo anashona kushinda mimi. Fundi uko naye." Akalitazama benchi zima, zile gurbaba, ile mikono yenye hina, iliyosuka tabaga zilizokuwa chini zimetapakaa juu ya bodaboda. "Fundi uko nao sitini."

Aibu ilimwaka masikioni. Lakini chini ya aibu alihisi kitu kingine, wepesi ambao hakuutegemea, kama mtu aliyevua kiatu kilichombana tangu asubuhi.

Afande Erinayo hakuwa mtu wa kuamini maneno. Alichukua kipande cha gome kutoka kwenye sanduku, akakichana katikati, akampa Maimunah, akatoa saa yake ya mkononi. Maimunah hakuomba sindano. Aliichomoa kwenye upindo wa gurbaba yake mwenyewe, pamoja na uzi, kwa sababu mwanamke wa Kinubi hatoki nyumbani bila sindano. Vidole vikazunguka. Dakika mbili hazikufika. Afande alivuta kipande kwa nguvu zake zote za kipolisi, akakivuta tena, na kilichochanika ni gome pembeni, mshono ukabaki.

"Wengine?" aliuliza.

Sindano zikatoka kwenye pindo. Filda naye alitoa yake. "Alinifundisha mimi pia," alisema kwa maringo.

Afande aliandika kitu kitabuni, akapiga mstari juu ya kitu kingine. "Fundi yuko. Mzee, teremka."

Rajab aliinua sanduku. Alipopita mbele ya Maimunah alisita. Maimunah alimsaidia kwa kumsukuma bega.

"Shuka, Baba Shamirah. Unatuchelewesha."

Akashuka. Mguu wake ulipogusa ardhi, mshale ulivuka mstari mwekundu kwenda kushoto, na filimbi ikalia. Uzito wa Afande ulikwisha kuhesabiwa pamoja na wa nahodha, naye akaruka ngazini mbio, suruali ya pasi na yote. Kamba zikafunguliwa. Fundo la mguu wa kushoto lilifunguka bila tabu. Kilima kikatoa pumzi yake ya mwisho ya siku, na Kaloli ya Saba ikajiinua, ikakunja miguu yake mirefu, ikapaa, na kutoka ndani yake vigelegele sitini vikamwagika juu ya Mbuya.

Na Rajab, kwa mara ya kwanza katika maisha yake, aliiona ikiruka.

Hebu fikiria. Miaka thelathini na miwili alikuwa ndani, akiitazama dari. Hakujua kwamba kwa chini inaonekana hivi. Tumbo lote lilikuwa viraka juu ya viraka, gome jipya jekundu, la zamani jeusi, la katikati la kahawia, na kila kiraka kimezungushwa mshono wake, duara ndani ya duara. Lilikuwa tabaga. Tabaga kubwa kuliko zote, limefunika Mbuya nzima. Kila mtu mjini alikuwa akiliona hilo kila asubuhi akienda kazini, na Maimunah, akianika nguo uani Bukoto, alikuwa akiinua uso na kuona mkono wake mwenyewe ukipita angani, una jina la mtu mwingine.

Machozi yalimtoka Rajab, na hakuyaficha. Rubani wa Mbayuwayu aliyekuwa karibu akadhani ni pilipili, akampa maji.

"Mbaya hivi," alisema rubani yule akitazama juu, mdomo umejaa, "lakini banange, inapendeza."

"Kula," alisema Rajab. Lakini alimwongezea sambusa.

Alikaa chini na watu, juu ya sanduku lake, masikio yamesimama kwa mazoea ijapokuwa hakukuwa na cha kusikia. Dakika kumi, meli ilikuwa juu ya Bukoto. Ishirini na tano, ilikuwa nukta upande wa Kasubi. Arobaini, haikuonekana, na Rajab akasahau kutafuna. Dakika ya arobaini na nane, mwendesha bodaboda mmoja akapiga honi, kisha wote sitini wakapiga, kwa sababu ule mfuko wa kidevuni ulikuwa umetokea juu ya mabati, ukining'inia hovyo kama siku zote.

Ilitua dakika ya hamsini na mbili. Mfuko ukatoa hewa yake kwa mlio wa mzee anayesafisha koo, na watu wakacheka kama wanavyocheka kila mara. Afande Erinayo aliteremka wa kwanza. Suruali yake ilikuwa na mikunjo, na begani alikuwa na uzi wa ukindu.

"Ilichanika juu ya Kasubi," alisema. "Urefu wa mkono mmoja. Nilifungua kitabu niandike, nikiinua kichwa, wamama wameshaziba. Wanaimba." Akagonga muhuri, pa, kwenye karatasi ya Abwola. "Miaka mitano."

Abwola alimkumbatia Afande, jambo ambalo sheria haikulitaja, kisha akamkumbatia mtu wa injini, kisha mguu wa kushoto wa meli.

Afande alimwonyesha Rajab kitabu. Palipoandikwa "mshono wa Rajab" pamepigwa mstari, na juu yake, kwa mwandiko wa polisi, pameandikwa "mshono wa Maimunah." Rajab alisoma mara mbili. Kisha akashika kalamu ya Afande na kuikokoteza ile *M*, maana ilikuwa hafifu.

Maimunah aliteremka wa mwisho, akaja polepole, akasimama mbele yake.

"Miaka thelathini na moja," alisema.

"Najua, Mama Shamirah. Nisamehe."

"Kwani leo ndiyo umeona?"

"Leo ndiyo nimesimama chini."

Maimunah akatazama kiwanja. Sinia zote zilikuwa zimelambwa. Bodaboda zilikuwa na mafuta hadi kwenye vioo. "Na wageni wamemaliza yote. Hata kisra moja hakuna. Na mimi sikukula tangu jana, kwa kupikia meli yako."

Rajab alisimama kutoka kwenye sanduku lake. Akalifungua. Sindano, nta, nyuzi na viraka alikuwa amevihamishia mifukoni wakati meli iko angani, na mahali pake palikuwa na sinia ndogo, imefunikwa kwa tabaga.

"Keti," alisema. "Nimekuwekea."